Mstari wa Nukta

Hakuna adhabu kama kupewa daftari na penseli, ukaambiwa nenda kaandike ukoo wa mwanamume uliyekatazwa kumpenda.

Nilimwambia hivyo Dokta Aikande tangu tukiwa mwaloni Kibirizi, kabla boti ya mradi haijasukumwa majini. Nilimwambia kwa heshima, maana ndiye bosi wangu, lakini nilimwambia.

"Dokta, nakuomba. Mwamgongo mpeleke mtu mwingine."

"Nimpeleke nani?" Alikuwa anahangaika na kamba za jaketi lake la kuokolea. "Mimi Mmachame, Leonia. Huyo bibi akichoka Kiswahili anahamia kwenye Kiha, na mimi nitabaki natingisha kichwa tu."

"Unajua yaliyonipata kule."

"Najua, na nitakaa karibu yako. Ni bibi mmoja tu. Tukimmaliza huyu, ukoo wa Selestini umekamilika. Hutarudi tena."

Hutarudi tena. Maskini, alidhani ananifariji.

Baba alikuwa amesimama pembeni, mikono nyuma, amenisindikiza kutoka nyumbani kwetu Kasingirima, Ujiji, kana kwamba mimi ni mtoto wa chekechea. "Fanya kazi ya watu, urudi," alisema. "Nitakuwa hapa hapa nakusubiri." Mzee Castory hakuwa na wasiwasi na mawimbi. Wasiwasi wake ulikuwa na jina, na jina lenyewe ni Gervasi.

Nieleze kidogo, ili usinione kichaa. Mradi wa Dokta ulikuwa wa kuandika jinsi watu wa mwambao wetu wanavyohesabiana undugu: nani anamwita nani mjomba, nani anamzika nani, nani hawezi kumwoa nani. Mimi nilikuwa nimesomea mambo ya jamii chuoni, nikarudi Ujiji kukaa miaka miwili nikimenya mihogo ya mama, kwa hiyo kazi ilipokuja niliishika kwa mikono miwili. Kazi yenyewe ni kuuliza na kuchora. Mwanamume anachorwa pembetatu, mwanamke duara, ndoa ni alama ya sawasawa katikati yao. Waliofanywa ndugu bila kuzaliwa tumbo moja, hao unawaunganisha kwa mstari wa nukta.

Injini ya boti yetu ilituzimikia karibu na Gombe wiki ya pili ya kazi. Aliyekuja kutukokota alikuwa fundi wa injini kutoka Mwamgongo, kijana mrefu mwenye mikono inayonuka petroli na sauti ya taratibu. Alifungua ile injini, akaniangalia mimi, akaiangalia injini, akaniangalia tena. Bolti ikamdondokea ziwani. Nilimpenda hapo hapo, siogopi kusema.

Miezi mitano baadaye barua ya posa ilikuwa imeshaandikwa, imebaki kupelekwa. Ndipo nikaenda kuandika ukoo wa kwao. Baba yake, Mzee Nikodemu, akanijibu maswali yote kwa ukarimu mpaka tukafika la kumi na nne: je, kuna mtu wa nje aliyefanywa ndugu wa ukoo huu?

"Yupo," alisema. "Marehemu baba yangu Selestini alikuwa na umunywanyi wake, rafiki aliyenyweana naye damu. Mtu wa Kasingirima, fundi wa mitumbwi. Martini."

Mkono wangu ulichora ule mstari wa nukta kabla akili haijafika. Martini fundi mitumbwi wa Kasingirima ni babu yangu, baba yake baba. Na watoto wa wanywanyi ni ndugu, na wajukuu wao ni ndugu, kuoana kwao ni mwiko. Hilo halihitaji kusomewa chuoni.

Kifutio kilikuwa pale pale mapajani. Ningeweza kufuta, nikanyamaza, nikaolewa. Lakini ningeishije ndani ya nyumba ambayo nguzo yake ni uongo? Nilimwambia Gervasi siku ile ile. Gervasi akamwambia baba yake, mimi nikamwambia baba yangu, naye akakaa chini pole pole akasema ni kweli, aliambiwa na babu tangu mdogo. Wazee wawili wakakutana, wakaongea kwa upole, wakaitana ndugu yangu, ndugu yangu, na posa ikafia hapo. Gervasi akaagizwa kuanzia siku hiyo aniite dada.

Hiyo ilikuwa wiki tano nyuma.

*

Tulipofika Mwamgongo dagaa walikuwa wameanikwa mchangani, na Gervasi alikuwa amesimama mlangoni kwao na viti viwili vya plastiki. Amekonda. Nilifurahi kuona amekonda, halafu nikajichukia kwa kufurahi.

"Karibu Dokta," alisema. Akanigeukia mimi lakini macho yakaishia begani. "Karibu, dada."

"Asante, kaka," nikajibu.

Bibi Honorata, mjane wa Selestini, alikuwa amekaa barazani juu ya mkeka, amevaa kitenge kipya na miwani myeusi ya jua iliyomfunika nusu ya uso. Alikuwa Ilagala kwa binti yake tangu kabla ya mambo yetu kuharibika, akitibiwa mtoto wa jicho, na amerudi juzi tu. Mzee Nikodemu alikaa kwenye kigoda kando yake. Aliponiona aliinamisha kichwa. Ni mtu mwema, na nadhani ilimuuma kuniona pale na daftari langu.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu. Nani huyu? Macho yameanza kuona lakini bado hayatambui."

"Mimi Leonia, bibi. Wa Castory, wa Martini wa Kasingirima."

Bibi akavuta miguu yake haraka, akapaza sauti kuelekea jikoni. "Ficheni masufuria! Wezi wa Kasingirima wamefika!"

Damu ilinipanda usoni. Gervasi akasema, "Bibi!" Mzee Nikodemu akashtuka mpaka kigoda kikalia. "Mama, huyu ni mgeni. Huyu ni mtoto wetu." Kisha akaniinamia. "Usimjali, mwanangu. Ni uzee."

"Uzee wa baba yako," Bibi akajibu, akicheka peke yake.

Sikucheka. Nilifungua daftari. Dokta aliweka kinasa sauti juu ya mkeka, akanigusa kiwiko kidogo, nikaanza. Jina, mahali alipozaliwa, alipoolewa, watoto aliozaa, waliokufa. Nilikuwa nauliza kama mashine. Gervasi alikuwa ameegemea nguzo ya baraza, anafuta spana iliyokuwa safi tayari, na kila nilipoinua macho nilimkuta ananitazama, na kila aliponikuta namtazama alirudi kwenye spana. Nilijiapiza sitainua macho tena, nikayainua.

Tukafika sehemu ya misiba.

"Bibi, wakati wa kumzika mzee Selestini, nani walikuja kutoka nje ya ukoo, na walifanya nini?"

"Ah!" Bibi akajiweka sawa. "Msiba ule! Mwaka wa tisini na mbili. Watu walijaa mpaka kule kwenye mitumbwi. Padri alikuja na boti. Na Martini akaja, babu yako, na kijana wake wa kiume. Ameshuka tu, hajasalimia mtu, akaingia ndani akachukua koti la marehemu. Akalivaa. Akatembea nalo uani akiwa ameinama, anakohoa kama Selestini alivyokuwa anakohoa. Watu wanalia, wanacheka, hawajui wafanye kipi."

Penseli yangu ilikuwa inaandika. "Halafu?"

"Halafu kaburini. Jeneza linataka kushushwa, Martini huyo, karuka ndani! Kalala chali. Anasema, 'Hiki kitanda ni changu, huyu mchoyo alizoea kulala peke yake, leo halali.' Padri anamwambia toka, hatoki. Wanamvuta, hatoki. Nikaona maiti wangu atakaa juani, nikawaambia mkamateni kuku yule mwekundu mumpe. Akapewa kuku wake, akatoka. Ndiyo tukazika."

"Nakumbuka," Mzee Nikodemu alisema kwa sauti ya chini. "Nilimwonea huruma sana. Nilidhani amechanganyikiwa kwa uchungu."

Nilikuwa nimeandika mpaka neno kuku. Nikarudi juu nikasoma. Koti. Kikohozi. Kalala kaburini. Kuku. Nikasoma tena. Kile nilichokuwa nakisoma nilishakiandika kwenye misiba kumi na saba ya mwambao huu, na mara zote kumi na saba aliyefanya hivyo aliitwa jina moja.

Ndugu wa damu hafanyi vile. Ndugu anakaa chini na wafiwa, ananyoa nywele, analia. Akichezea maiti ya ndugu yake watu watamwogopa.

"Bibi," nikasema. "Mtu anayelala kaburini akadai kuku, huyo ni nani kwa marehemu?"

"Umesoma wapi wewe usiyejua? Huyo ni mtani."

Spana ya Gervasi ilianguka sakafuni.

"Lakini babu Martini alikuwa umunywanyi wake," nikasema. "Walinyweana damu. Wote wanasema."

"Ego, ndiyo. Walinyweana. Walichanjana hapa, karibu na kitovu, damu ikadondoshwa kwenye jani lenye unga wa mtama, wakala. Walikuwa vijana." Bibi alivua miwani, akaifuta kwa kitenge bila haraka yoyote. "Halafu wakaifungua."

Dokta Aikande alikuwa anaangalia taa nyekundu ya kinasa sauti kama anaiomba isizimike.

"Wakaifungua nini, mama?" Mzee Nikodemu aliuliza.

"Damu. Hivi ninyi mlidhani inafungwa tu, haifunguliwi? Ilikuwa sababu yako wewe. Martini alikuwa na binti, Yunisi. Mzuri, mnyamavu. Selestini akamwona akasema, huyu ndiye wa Nikodemu wangu. Martini akasema, hata mimi namtaka kijana wako, lakini damu itatuzuia. Wakakaa na hilo jambo siku nyingi. Mwisho wakaenda kule mtoni, mimi na mke wa Martini tukiwa mashahidi. Wakaosha zile chale kwa maji na unga, kila mmoja akamrudishia mwenzake kisu alichopewa siku ya kunyweana. Wakasema, 'Tulichokula tumekitema. Mtoto wangu si ndugu wa mtoto wako.' Selestini akalia. Akasema, sasa mimi na wewe tutakuwa nani? Martini akamwambia, tutakuwa watani, nitakutukana mpaka ufe, na siku ukifa nitalala kwenye kaburi lako."

"Mimi?" Mzee Nikodemu alikuwa amesimama. "Nimuoe Yunisi? Sista Yunisi?"

Shangazi yangu Yunisi ni mtawa huko Kasulu. Ana miaka zaidi ya thelathini kwenye nadhiri zake.

"Si ndiyo hapo!" Bibi akapiga paja. "Kabla hawajakwambia wewe, kabla hawajamwambia Castory, binti akatangaza anakwenda utawani. Wazee wakabaki wanatazamana. Damu wameifungua na bibi harusi hakuna. Wangetangaza nini? Wakanyamaza kwa aibu."

Kutoka jikoni sauti ya mama yake Gervasi ikasema, "Namshukuru Mungu kwa wito wa sista," na kitu kikavunjika ndani yangu, sijui kilikuwa kicheko au kilio, kilitoka vyote pamoja.

"Mama," Mzee Nikodemu alisema pole pole, "kwa nini hukusema? Tumekaa kikao. Tumeikataa posa ya watoto hawa."

"Watoto gani?"

Akamwonyesha. Bibi alivaa miwani yake, akamtazama mjukuu wake, akanitazama mimi na machozi yangu.

"Kikao mlikaa wanaume," alisema. "Mimi nilikuwa Ilagala nimefungwa macho. Nani aliniuliza? Mtu wa kwanza kuniuliza ni huyu mwizi wa Kasingirima."

Nilichukua kifutio. Dokta akanishika mkono. Macho yake nayo yalikuwa yamelowa, lakini dokta ni dokta. "Usifute," alisema. "Undugu ulikuwepo. Ukate mstari kwa vijistari viwili. Ndivyo tunavyoonyesha kitu kilichokuwepo kikaisha."

Nikaukata ule mstari wa nukta, kijistari kimoja, kijistari cha pili. Sijawahi kuchora kitu kwa raha namna ile.

*

Gervasi alinisindikiza hadi majini. Wiki tano tulikuwa hatujasimama karibu hivyo. Mbele yetu Dokta na nahodha walikuwa wanapakia vitu taratibu mno, na mimi najua Dokta hana vitu vingi.

"Leonia," alisema.

Nilifumba macho. Jina langu tu.

"Sema tena."

"Leonia. Kila nikikuita dada nilikuwa nahisi nimemeza mwiba wa mgebuka. Usiku naota nakuita jina lako, naamka naogopa kama nimetukana wazee."

"Umekonda, Gervasi."

"Na wewe."

"Mimi sijakonda."

"Umekonda. Usibishane na fundi." Akatabasamu, lile tabasamu la siku ya bolti, na nikaona jinsi wiki tano zinavyoweza kuondoka usoni kwa mtu mara moja. Halafu likapungua. "Baba yako je?"

Hapo ndipo moyo uliponirudi chini. Mwamgongo wote ungeweza kuamini, lakini kama Mzee Castory hakuamini, barua ile ingebaki kwenye bahasha yake. Baba aliambiwa na babu mwenyewe kwamba watu hawa ni ndugu zake. Maneno ya baba yake hayabadilishi kwa sababu ya kinasa sauti.

"Baba yangu anasema atapanda kilimani kwenye mtandao ampigie," Gervasi alisema.

"Baba yangu si mtu wa kuamini simu. Atasema mmemfundisha bibi maneno."

Gervasi alifikiri. Kisha akainama. Nilidhani ameona kitu mchangani. Akanishika kifundo cha mguu wa kulia, akavuta kiatu, akasimama nacho mkononi.

"Wewe! Nini hicho?"

"Nimekichukua. Mtani akikuta kitu cha mtani anachukua." Alikiweka kwapani, kiatu changu cha ngozi, kipya, cha kazini. "Mnakitaka, mje mkikomboe. Au nikilete mwenyewe, na barua."

"Gervasi, nitashukaje Kibirizi na kiatu kimoja?"

"Hivyo hivyo. Kama mzee wako hasikii, basi aone."

Watu wa dagaa walikuwa wanacheka. Nikapanda boti nachechemea, na njia nzima, Gombe inapita kushoto na nyani wanatutazama kutoka kwenye mawe, nilikuwa nimeukumbatia mguu wangu mtupu, nacheka, halafu nakumbuka baba, naacha.

Alikuwa pale pale aliposema atakuwa. Jua lilikuwa bado juu. Alinitazama nikishuka, akatazama uso wangu, akatazama chini.

"Kiatu kiko wapi?"

Nilikuwa nimepanga hotuba. Nilikuwa na mto, visu, Sista Yunisi, mashahidi wawili. Yote yakanitoka.

"Kimechukuliwa na mtani, baba."

"Mtani gani? Sisi Mwamgongo hatuna mtani. Tuna ndugu."

"Baba, siku ya kumzika mzee Selestini ulikuwepo. Babu alilala kaburini. Akapewa kuku."

Baba aligeuka akalitazama ziwa. Nilingoja, mguu mmoja kwenye kiatu, mwingine kwenye mchanga wa moto, na nikahisi maisha yangu yote yamesimama kwenye ule mguu mtupu.

"Kuku mwekundu," alisema mwisho. "Nilimshika mimi. Kutoka kule mpaka hapa. Mzee alikaa mbele ya boti, analia, anacheka, analia. Nikamuuliza, baba, kuku wa nini huyu, si aibu hii? Akaniambia, ni kuku wa mtani wangu." Akasukuma mchanga kwa kandambili. "Nilidhani ni pombe. Nilimwonea aibu baba yangu, Leonia, miaka yote hii. Kumbe alikuwa ananiambia."

"Waliifungua, baba. Bibi Honorata alikuwa shahidi, na marehemu bibi. Walitaka shangazi Yunisi aolewe kule."

"Yunisi!" Akaguna. Mabega yakaanza kumtikisika kwa kicheko, na nilipomwona usoni nikajua kwamba simu ikilia sasa ataiamini.

Ikalia. Alitoa simu mfukoni, akaisogeza mbali na macho kusoma jina. Nikodemu. Kwa wiki tano nimemsikia akiipokea simu hiyo kwa upole mmoja usiobadilika: ndugu yangu, habari za huko, ndugu yangu. Akaiweka sikioni, akakohoa.

"Sikiliza, wewe mla dagaa," alisema baba yangu. "Yule kuku mliyetupa alikuwa mgumu kama kamba ya nanga. Tulimchemsha siku mbili. Safari hii, huyo kijana wako akileta kiatu cha binti yangu, alete na kuku wa maana."

Sikusikia Nikodemu alijibu nini. Nilisikia tu kicheko kikubwa kikitoka kwenye ile simu ndogo, na baba, akicheka naye, akavua kandambili yake ya kulia na kunisogezea.